Muhogo Mchungu: mchezo na utawala katika maisha ya Rashidi Kawawa

Watu wakisikia jina la Rashidi Mfaume Kawawa, wanafikiri mambo ya utawala tu. Na kweli maisha yake yamejaa utawala: Waziri Mkuu wa Tanganyika mwaka wa 1962, Makamu wa Pili wa Rais tangu 1964, Waziri Mkuu wa Tanzania toka 1972 mpaka 1977, Waziri wa Ulinzi wakati wa vita na Idi Amin, Katibu Mkuu wa chama cha CCM toka 1982 mpaka 1990. Hata mtu aliye mbali na Tanzania kama sisi wa Kindu amepata kulisikia jina hilo. Lakini kabla ya hayo yote, mtu huyu alikuwa mchezaji wa sinema. Uso wake ulionekana juu ya kitambaa cheupe, katika viwanja vya miji na vijiji vya Tanganyika, wakati watu wengi hawajasikia bado jina la Nyerere. Mwaka wa 1952 alicheza nafasi ya kwanza katika filme iliyoitwa Muhogo Mchungu, na alionekana tena katika nyingine za aina ile, kama Chalo Amerudi.

Waandishi wanaoeleza maisha yake wanataja jambo hili kwa mstari mmoja, kama vile mtu anavyotaja kwamba askofu fulani utotoni alichunga mbuzi. Msomaji anatabasamu, kisha wanaendelea na mambo makubwa. Sisi hatukubali. Tunaona kwamba mchezaji na mtawala ni mtu mmoja, na ya kwamba asiyetazama mchezo hatauelewa utawala. Tena kuna swali ndani yake linalotugusa sisi tunaojifunza kusimama mbele ya watu: mtu anayesema vizuri maneno yaliyoandikwa na mwingine, anadaiwa nini kwa ajili ya maneno hayo?

Sherti kwanza tujue filme zile zilitoka wapi. Sinema ya Kiswahili haikuanza na Waafrika kutaka kujionyesha. Ilianza na Wazungu kutaka kufundisha. Kati ya 1935 na 1937, huko Vugiri, katika milima karibu na Tanga, Major Notcutt alitengeneza filme 35 hivi kwa msaada wa umoja wa misioni za Kiprotestanti na fedha za Marekani. Sauti hazikuwamo ndani ya filme; zilipigwa kwenye sahani za santuri, kwa Kiswahili na kwa lugha nyingine za Afrika ya Mashariki, na mtu wa mashini alipaswa kufuatanisha sahani na picha. Baadaye, wakati wa vita kuu ya pili, Waingereza waliunda ofisi ya filme za makoloni chini ya William Sellers. Bwana huyo alikuwa na imani moja kubwa: ya kwamba Mwafrika hawezi kufwata picha zinazokwenda mbio. Kwa hiyo kamera isirukeruke, kitu kimoja kionyeshwe kwa muda mrefu, kisa kiende polepole, na mwishoni funzo lionekane wazi kama jua la saa sita. Anayetazama filme za namna hii leo anachoka. Lakini hachoki kwa sababu watazamaji walikuwa wajinga. Anachoka kwa sababu aliyezitengeneza aliwafikiri wajinga.

Na kwetu je? Tusicheke majirani. Tangu 1945 sheria ya Leta ilimkataza Mwafrika wa Kongo kuingia katika sinema isiyokwisha kupitishwa kwa ajili yake, na waliojaza nafasi ile walikuwa mapadri. Padri Van den Heuvel alifanya filme Léopoldville, Padri De Vloo akafanya Bukavu, Padri Van Haelst wa Scheut akafanya Kasai. Hao wawili wa Van Haelst, Matamata mnene na Pilipili mwembamba, wazee wetu wanawakumbuka mpaka leo. Papa Pius XI alikuwa ameandika mwaka wa 1936, katika Vigilanti Cura, kwamba sinema ina nguvu ya kuinua ao kuangusha mioyo. Mapadri wetu waliitika kwa kushika kamera wenyewe. Vizuri. Ila nao pia walipenda kisa kilekile: mtu wa kijiji, mji, upumbavu, aibu, funzo. Ungedhani Afrika nzima ilikuwa na kisa kimoja tu cha kusimuliwa.

Muhogo Mchungu ni mtoto wa ukoo huo. Serikali ya Tanganyika ilipatana na kampuni ya Johannesburg, African Film Productions, na filme ikapigwa Dar es Salaam, kwa Kiswahili, na wachezaji Waafrika. Kisa ni kifupi: mtu wa shamba anaingia mjini, na mji unamla. Kawawa ndiye mtu huyo wa shamba. Anatembea kama mtu asiyejua barabara ni ya nani, na wajanja wanamwona toka mbali.

Hapa tusimame kidogo kwenye jina, maana jina lina akili kuliko filme yenyewe. Mama zetu wa Maniema wanajua: muhogo mchungu hauliwi namna unavyotoka katika udongo. Sherti uloweke majini siku tatu ao ine, uanike, utwange, ndipo upate bugali. Ukiula mbichi utaugua, pengine utakufa. Lakini hakuna mama anayeacha kuupanda, kwa sababu unavumilia udongo maskini, na nyama wa pori wanaogopa kuuchimba. Basi mtu wa shamba akiitwa kwa jina hilo, tunaweza kusikia matusi, yaani huyu ni mbichi, hajaloweshwa na mji bado. Tunaweza kusikia pia sifa, kwamba ndiye anayebaki ghalani wakati mhogo mtamu umekwisha kuliwa na nguruwe. Sisi tunadhani wenye fedha za filme walisikia la kwanza tu. Hatudhani kwamba watazamaji wote walisikia la kwanza tu.

Watu walicheka. Lakini waliocheka ni nani? Kichekesho cha mshamba kinahitaji mtazamaji anayejiona si mshamba. Yule karani, yule fundi wa reli, yule boyi aliyekwisha kukaa Dar es Salaam miaka mitatu, anamcheka mgeni kwa nguvu sana, ili asahau namna alivyoingia yeye mwenyewe. Na Kawawa alijua. Yeye alizaliwa 1926 katika pande za Songea, kusini kabisa, mbali na bandari. Akapita shule ya serikali ya Tabora, akawa karani wa serikali, kisha akaingia katika idara ya maendeleo ya jamii. Mtu anayetoka Songea mpaka ofisi za Dar es Salaam hana haja ya kufundishwa namna mshamba anavyotazama mji. Alicheza jirani wa baba yake. Pengine alicheza mwenyewe.

Kuna wanaosema: hapo ndipo alipoanza kutumika na serikali ya wakoloni, akiuza uso wake ili Waafrika wachekwe, tena kwa kampuni ya inchi ya ubaguzi. Maneno haya yana uzito, hatuyafuti. Filme ile ilitaka watu wakae mashambani na wasijaze miji. Hii ndiyo ilikuwa siasa ya serikali, na Kawawa alikuwa mtumishi wake wa mshahara. Lakini sisi tunaona jambo la pili pia. Mpaka siku zile, Mwafrika katika sinema za biashara alikuwa mbeba mizigo ao mpiga ngoma nyuma ya Mzungu. Mwaka wa 1951 Wamarekani walipokuja kupiga African Queen huku kwetu, chini ya Ponthierville, na huko Uganda, mto ulikuwa wetu, jasho lilikuwa letu, na kisa kilikuwa cha Wazungu wawili. Katika Muhogo Mchungu kisa kizima kiko mabegani mwa mtu mweusi anayesema Kiswahili. Ni mpumbavu, ndiyo. Lakini ni yeye tunayemfwata kwa macho toka mwanzo mpaka mwisho. Tunamwogopea, tunataka apone. Aliyeandika funzo alitaka tumcheke. Mchezaji mzuri anafanya tumpende, na hapo funzo linaanza kuvuja kama mtumbwi mzee.

Zaidi ya kucheza, Kawawa alitembea na gari la sinema katika kampeni ya kufundisha watu kusoma. Kazi hii mapadri na makatekista wa zamani wanaifahamu: unafika jioni, unatundika kitambaa, mashini inakohoa, watoto wanakaa mbele, na sherti mtu asimame aseme. Asiposema vizuri, watu wanarudi nyumbani. Alitumwa vilevile Urambo, walipowekwa Wakikuyu waliokamatwa kwa sababu ya Mau Mau. Tufikiri mchezaji wa vichekesho amesimama mbele ya watu wa namna ile, waliokasirika, wasiotaka kucheka. Shule ya mchezo inakwisha pale. Inaanza shule nyingine.

Mambo ya kisha yalikwenda mbio. Alikuwa mkubwa wa chama cha watumishi Waafrika wa serikali. Mwaka wa 1955 vyama vya wafanyakazi viliungana katika Tanganyika Federation of Labour, naye akawa Katibu Mkuu wake wa kwanza. Mwaka wa 1956 aliacha kazi ya serikali akajiunga na TANU, na mwaka wa 1957 akaingia katika baraza la kutunga sheria. Watumishi wa hoteli, wakata mkonge, makuli wa bandari, wote hao ndio Muhogo Mchungu mwenyewe, aliyekwisha kuingia mjini na kukataa kuliwa. Na mtu aliyesimama kuwasemea alikuwa yuleyule ambaye uso wake waliujua katika sinema. Hatusemi kwamba sinema ilimpa uongozi. Walikuwako viongozi wengine wa wafanyakazi wasiopata kuonekana katika picha. Tunasema kwamba watu walipomsikiliza, walisikiliza sauti waliyokwisha kuizoea.

Tarehe 9 Desemba 1961 Tanganyika ikapata uhuru. Wiki sita baadaye, tarehe 22 Januari 1962, Nyerere akaacha uwaziri mkuu ili akatengeneze chama, na nafasi yake akampa Kawawa. Jambo hili ni la ajabu sana katika Afrika ya siku zile. Nani anampa mwenzake kiti, akitumaini kwamba atakirudisha? Tarehe 9 Desemba 1962 Tanganyika ilipokuwa Jamhuri, Nyerere akarudi kama Rais, na Kawawa akasogea akawa makamu. Hakufanya ugomvi, hakuunda chama chake, hakutafuta askari. Sisi wa Kongo, tuliotazama mwaka wa 1960 Rais na Waziri Mkuu wakifukuzana kwa radio, tunajua bei ya jambo hilo.

Lakini miezi ile kumi na moja ina upande mwingine, na huu ndio tunaouona mzito kuliko yote. Chini ya Waziri Mkuu huyu, aliyekuwa mkubwa wa wafanyakazi, zilipitishwa mwaka wa 1962 sheria zilizofunga mgomo, zikaweka vyama vya wafanyakazi chini ya mkono wa serikali. Mwaka uleule ilipitishwa sheria ya kumweka mtu kizuizini bila hukumu. Mwanzoni mwa 1963 Victor Mkello, rais wa shirikisho lilelile ambalo Kawawa alilijenga, alipelekwa Sumbawanga, mbali na watu wake. Mwaka wa 1964, baada ya askari kuasi, shirikisho lenyewe likavunjwa, kikawekwa chama kimoja tu, NUTA.

Wanaomtetea wanasema: inchi changa haiwezi kuvumilia mgomo kila mwezi, wenye mishahara walikuwa wachache, na wakulima ndio wengi. Hoja hii ina ukweli ndani yake. Hata hivyo msomaji wa michezo anaona jambo ambalo mwanasiasa halioni. Katika filme, Kawawa aliazima mwili wake kwa maneno ya serikali ya Waingereza. Katika chama, aliazima sauti yake kwa hasira ya wafanyakazi. Katika serikali, aliazima mkono wake kwa mipango ya Nyerere. Kila mara alifanya vizuri, kila mara watu walimsadiki, na kila mara maandiko yalikuwa ya mwingine. Si mnafiki: mnafiki anasema jambo asilolisadiki. Kawawa alisadiki kila nafasi aliyopewa, na alipoivua aliivua kabisa.

Neno moja pembeni. Mwaka wa 1963, Nyerere alitoa tafsiri yake ya mchezo wa Shakespeare juu ya Julius Caesar, kisa cha mkubwa na rafiki zake wanaomchoma visu. Inatupendeza kufikiri kwamba mtu aliyekuwa akitafuta Kiswahili cha usaliti alikuwa na makamu aliyetoka katika mchezo, na ya kwamba makamu huyu alikuwa wa mwisho kabisa ambaye angeshika kisu. Januari 1964, askari walipoasi Dar es Salaam, Nyerere na Kawawa walifichwa pamoja ng'ambo ya Kigamboni, na Oscar Kambona ndiye aliyebaki mjini kusemezana na waasi. Baadaye Kambona aliachana na Nyerere akakimbilia Ulaya mwaka wa 1967. Kawawa alibaki.

Watanzania walimpa jina la sifa, Simba wa Vita. Tunalitaja kwa uangalifu, maana hapa Kindu neno simba halipiti masikioni bure. Mwaka wa 1964, toka Julai mpaka Novemba, mji wetu ulikuwa katika mikono ya Simba wengine, na wazee wa Mikelenge wakilisikia neno hilo hawafikiri mambo ya sifa. Neno moja la Kiswahili, ng'ambo hii ya ziwa ni kovu, ng'ambo ile ni nishani.

Tutazame mbali kidogo, ili tupime vizuri. Katika Ukraine alikuwako mchezaji mkubwa, Amvrosii Buchma. Alizaliwa 1891 katika mji wa Lviv, chini ya Kaisari wa Austria. Akaona Kaisari akianguka, akaona Ukraine ikijaribu kusimama peke yake, akaona Wabolsheviki wakiishika, akaona Wajerumani wakiingia na kutoka. Akafa Kyiv mwaka wa 1957. Mwaka wa 1926 alicheza Taras Shevchenko, mshairi wa taifa lake. Katika Arsenal ya Dovzhenko, ya 1929, alicheza askari Mjerumani aliyepumua hewa ya sumu na anacheka, anacheka, katikati ya maiti. Ni muda mfupi tu, lakini aliyeuona hausahau. Mwalimu wake wa mchezo, Les Kurbas, alikamatwa, na mwaka wa 1937 akapigwa risasi. Buchma alibaki jukwaani, akapata zawadi za Stalin. Mwaka wa 1945 alicheza katika filme ya Donskoy fundi mzee anayekataa kuwatumikia Wajerumani.

Tukiwaweka wawili hawa pamoja, tofauti inaonekana. Buchma aliona serikali zikibadilika mbele yake kama pazia nyuma ya mchezaji. Yeye alibaki mchezaji, na njia yake ya kuishi ilikuwa kucheza vizuri na kunyamaza juu ya yaliyompata mwalimu wake. Watu wanaweza kumlaumu kwa kimya hicho, lakini hakumfunga mtu. Kawawa alipita mwenyewe ndani ya pazia akatoka upande wa pili, mahali wanapokaa wenye kuandika kisa. Kwa hiyo hawezi kupimwa kwa kipimo cha mchezaji tu.

Na sasa tunafika mahali ambapo habari hii inajikunja kama nyoka. Mwaka wa 1968 Tanzania iliunda kampuni yake ya filme. Katika miaka ya 1970 kampuni hiyo ikatoa Fimbo ya Mnyonge. Kisa ni nini? Mtu wa shamba, Yombayomba, anakwenda Dar es Salaam kutafuta kazi. Mji haumpi kitu. Mwishoni anaona kwamba wokovu wake uko kijijini, katika kijiji cha ujamaa. Anayeijua Muhogo Mchungu anashika kichwa. Waingereza wamekwenda, kampuni ya Johannesburg imekwenda, bendera ni nyingine, hata jina linatoka katika maneno ya TANU, si katika vichekesho. Lakini mguu wa yule mtu wa shamba unakanyaga barabara ileile, na filme inamwambia neno lilelile: rudi kwenu. Na Waziri Mkuu wa miaka ile ni nani? Ni Muhogo Mchungu wa kwanza.

Tusiseme kwamba hakuna tofauti. Waingereza walimtaka mshamba akae shambani ili mji ubaki safi kwa wenyewe. Ujamaa ulimtaka akae shambani ili kijiji kipate shule, maji na dawa, na vijiji vingi vilivipata kweli. Filme ya pili inamheshimu mtu wake, haimcheki. Hili si jambo dogo. Lakini wakati Yombayomba alipotembea juu ya kitambaa kwa hiari yake, watu wa kweli walisombwa kwa malori. Novemba 1973 ilitangazwa kwamba kuishi katika vijiji ni amri, na kazi imalizike mwaka wa 1976. Mwaka wa 1976 Dar es Salaam ilikuwa na operesheni ya Kila Mtu Afanye Kazi, na wasio na kazi walirudishwa mashambani. Mwaka uleule ikaja Operesheni Maduka: maduka ya watu binafsi yafungwe, ya vijiji yachukue nafasi yake. Kawawa ndiye aliyeisukuma kwa nguvu; mahali pengi duka la zamani lilifungwa kabla la kijiji halijafunguliwa, watu wakakosa chumvi na sabuni, na serikali ikalazimika kupunguza mwendo. Je, katika siku zile alimkumbuka yule mtu aliyemcheza mwaka wa 1952, anayesimama katikati ya barabara asijue ni nani anayempa amri na kwa nini?

Tunauliza hivyo kwa sababu tunaona kwamba kosa na sifa za Kawawa ni mzizi mmoja. Sifa yake ni utii. Ndio utii uliomrudisha nyuma Desemba 1962, na ndio uliookoa Tanzania na fujo tunazozijua sisi vizuri. Utii uleule ulimfanya kuchukua kila mpango wa mkubwa wake akautekeleza mpaka mwisho wa herufi, hata pale ambapo mkubwa mwenyewe angesita. Mchezaji anayesoma maandiko bila kuuliza neno ni furaha ya mwenye filme. Mchezaji bora kuliko huyo ni yule anayesema siku ya mazoezi: Bwana, mtu wa namna hii hasemi hivi. Hakatai kucheza. Anasema tu, kwa sababu amemjua mtu yule toka ndani, na mwenye kuandika hakumjua. Kawawa alikuwa na haki ya kusema neno lile kuliko watu wote wa serikali yake, maana alimvaa mtu wa shamba mwilini.

Wenzetu makatekista wataelewa haraka. Nao wanasema maneno wasiyoyaandika, mbele ya watu wanaowajua kuliko yule aliyeyaandika. Katekista akirudi misioni na kumwambia padri, neno hili watu wa kijiji changu wamelisikia vibaya, hajaasi kitu; amefanya kazi yake. Pengine padri hatapenda.

Miaka yake ya mwisho tunaipita upesi. Mwaka wa 1977 alipewa wizara ya ulinzi, na mwaka uliofwata Amin akaivamia Kagera. Aprili 1979 Kampala ikaanguka. Kisha kazi ya chama mpaka 1990, wakati ujamaa wenyewe ulipokuwa ukivuliwa polepole kama nguo ya mchezo uliokwisha. Aliona maduka ya watu binafsi yakifunguliwa tena, aliona vyama vingi mwaka wa 1992, na hatukusikia kwamba alipiga kelele. Alifariki Dar es Salaam tarehe 31 Desemba 2009.

Wakati ule filme za vijana wa Dar es Salaam zilikuwa zimekwisha kuvuka ziwa. Steven Kanumba, aliyefariki 2012, uso wake ulijulikana katika vibanda vya sinema vya Kongo ya mashariki kuliko uso wa mawaziri wengi. Filme hizo hazina Major wala Waziri nyuma yake. Zinatengenezwa haraka, kwa fedha kidogo, na mara nyingi ubaya wake wa kazi unaonekana wazi. Sisi tumezitazama nyingi, kwa furaha na kwa hasira. Mtu wa shamba angali anaingia mjini ndani yake, na angali anaibiwa siku ya kwanza. Ila mara nyingine, katika kisa cha tatu ao cha ine, anabaki mjini, anaoa, anajenga nyumba, na hakuna anayemwambia arudi.